Nyumba ya Mkopo: Bei Yake Hasa

Kabla hujatia saini mkopo wa nyumba hapa Arua, piga hesabu. Mfano: shilingi milioni 100, riba asilimia 16 kwa mwaka, miaka 20. Kila mwezi utalipa kama 1,391,000. Mwezi wa kwanza, 1,333,000 ni riba. Deni linapungua 58,000 tu. Hadi mwisho umelipa karibu milioni 334.

Suratul-Baqara, aya ya 275, imehalalisha biashara na kuharamisha riba. Uganda iliruhusu benki za Kiislamu kwa sheria ya 2016. Katika murabaha, benki hununua nyumba, kisha hukuuzia kwa bei isiyobadilika. Hata hapo usitosheke na jina: uliza jumla yote, na faini ya kuchelewa inakwenda wapi.