SOMO: SIMONI MKIRENE NA WAPAGAZI WA KARIAKOO

Masomo: Marko 15:20–22; Mathayo 5:41; Warumi 16:13



Katika habari ya mateso ya Bwana wetu yumo mtu ambaye kila Ijumaa Kuu twampita upesi. Ni Simoni wa Kirene, mji wa Afrika ya Kaskazini, katika nchi iitwayo leo Libya. Hatusomi kwamba alikuwa mwanafunzi wa Yesu, wala kwamba alikuja kutazama. Alikuwa akitoka shamba, akipita njia yake, askari wakamshika wakamtwisha msalaba. Neno la Kiyunani alilotumia Mt. Marko hapo ndilo lile lililo katika Mathayo, Bwana aliposema habari za mtu anayelazimishwa kwenda maili moja. Lilikuwa neno la serikali. Askari wa Kirumi aliweza kumkamata raia njiani amchukulie mzigo. Basi Simoni alikuwa mpagazi wa kulazimishwa.

Sisi wa Buguruni yatupasa kuielewa habari hii upesi kuliko wengi. Tukipanda daladala kufuata Barabara ya Uhuru, twateremka mahali palipopewa jina na wapagazi. Waingereza walipouteka mji wa Dar es Salaam mwaka 1916 waliweka pale kambi ya kikosi chao cha wapagazi, na jina la Kiingereza la kikosi hicho likawa, katika vinywa vya watu wetu, Kariakoo. Nairobi nao wana Kariakoo yao, kwa sababu ile ile.

Vita ile ya 1914 hadi 1918 ilikuwa ya Wazungu, lakini ilipiganwa mashambani mwetu. Barabara hazikuwako, na mbung'o waliwaua punda, farasi na ng'ombe. Kwa hiyo unga, risasi na hata vipande vya mizinga vilikwenda juu ya vichwa vya watu. Kwa upande wa Waingereza peke yake waliandikwa wapagazi wapata milioni moja, na Wajerumani nao walikamata wao kijiji kwa kijiji. Wanahistoria wanakadiria kwamba wapagazi wa Waingereza waliokufa hawapungui 95,000. Wengi wao hawakuuawa na risasi. Waliuawa na kuhara damu, malaria, homa ya mapafu, na unga wa mahindi usioiva ambao matumbo yao hayakuuzoea. Ulaya bunduki zilinyamaza tarehe 11 Novemba 1918. Huku kwetu Wajerumani walikabidhi silaha tarehe 25 Novemba, huko Abercorn, ambayo leo ni Mbala, Zambia.

Kanisa letu nalo lilikuwamo. Askofu Frank Weston wa Zanzibar aliunda kikosi cha wapagazi mwaka 1916, akakiongoza mwenyewe bara, akiwa na cheo cha Meja. Si rahisi kwetu kuiandika sentensi hiyo. Lakini ni yeye pia aliyeandika kijitabu mwaka 1920 kuipinga serikali ya nchi yake, ilipotaka Waafrika wa Kenya wafanyishwe kazi kwa nguvu. Pengine aliyoyaona njiani hayakumtoka moyoni.

Sasa turudi kwa Mt. Marko, maana yeye peke yake anaongeza maneno machache ambayo wenzake hawakuyaweka. Anasema Simoni alikuwa baba yao Iskanda na Rufo. Kwa nini? Bila shaka kwa sababu waliosoma Injili yake waliwafahamu vijana hao. Mt. Paulo naye anamsalimu Rufo mmoja huko Rumi, pamoja na mama yake. Wengi hudhani ndiye huyo. Mpagazi aliyekamatwa njiani ameandikwa kwa jina, na mji wake, na wanawe.

Wa kwetu hawakuandikwa hivyo. Mishahara ya marehemu wengi ilibaki mikononi mwa serikali ya Uingereza, kwa kuwa warithi wao hawakujulikana. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 Gavana wa Tanganyika alishauri kwamba makaburi makubwa ya wapagazi, hata yaliyokuwa hapa Dar es Salaam, yaachwe yarudi kuwa pori upesi iwezekanavyo. Mwaka 1927 iliwekwa Sanamu ya Askari pale mjini. Itazameni mkipita: ni askari peke yake na bunduki yake. Ile ya Nairobi angalau inaye mpagazi. Na mwaka 1964 Ujerumani Magharibi ilipokubali kuwalipa wazee wake wa vita ile, fedha zilikuwa za askari.

Waliokwenda Bama mwaka 1944 wakiwa keya walikuwa na namba zao na vitabu vyao, na baadhi yao walirudi wakijua kudai. Abdulwahid Sykes alikuwa mmoja wao, akaongoza TAA kabla TANU haijazaliwa mwaka 1954. Mpagazi wa 1917 alirudi kimya, kama alirudi. Hata jamaa zake walizoea kusema, ‘Huyu hakupigana, alibeba tu.’

Mwezi Aprili 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola iliomba radhi. Ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000 waliokufa katika vita ile, na huenda wakafika 350,000, hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa, wengi wao wa Afrika ya Mashariki na Misri.

Tarehe 2 Novemba, Siku ya Marehemu Wote, majina husomwa madhabahuni. Mwaka huu twawaomba mwaulize wazee wenu, nyumbani na huko mlikotoka, kama yuko babu aliyechukuliwa kubeba mizigo ya vita. Leteni karatasi sakristia kabla ya Jumapili ya mwisho ya Oktoba. Asiyejua jina, aandike kijiji.