Dondoo muhimu: Siku nzima bila kuona

Asiyeona anayeishi Kipese, mashariki mwa Kongo, huishi kwa masikio, pua, vidole na nyayo. Fuata haya, naye anayeona asaidie bila kumnyang'anya kazi.

1. Pitisha fimbo nyeupe kushoto na kuume, hatua moja mbele ya mguu.
2. Mvua ikipiga mabati usivuke barabara. Mlio wa pikipiki hausikiki.
3. Kunja faranga nyumbani, si sokoni: 500 mara moja, 1,000 mara mbili.
4. Bonyeza kila kiazi na ukinuse. Kilichooza hulegea na kutoa maji.
5. Mimina chai ukisikiliza: sauti ikipanda, kikombe kinajaa, usitumbukize kidole.
6. Tafuta jiko la makaa kwa joto, kiganja kikiwa mbali.

Kwa anayeona

7. Taja jina lako kwanza, kisha mpe kiwiko akishike, usimvute fimbo.
8. Usiseme "pale", sema "fufu iko mbele yako, sombe kuume".
9. Usihamishe kiti wala ndoo bila kumwambia.
10. Mlango ufungwe au ufunguliwe wote. Ulio nusu wazi humpiga usoni.
11. Muulize yeye mwenyewe, si aliyefuatana naye.