Watoto ni Wengi, Mzee Atatunzwa na Nani?

Katika jumuiya ndogo ndogo tunazotembelea, kuanzia Lodwar hadi huku Todonyang, swali moja linarudi kila mara. Serikali inasema tuzae kwa mpango, na redio inasema kule Ulaya na Japani watu wanapungua, wazee ni wengi kuliko vijana. Sasa tumsikilize nani? Swali ni zuri. Somo hili lisomwe polepole, na ikiwezekana wazee wenyewe wawepo.

Tuanze na historia kidogo. Kenya ilikuwa ya kwanza katika Afrika kusini ya Sahara kuanzisha mpango wa taifa wa uzazi wa majira, mwaka 1967. Watu hawakuufuata mara moja. Miaka kumi baadaye mwanamke wa Kenya alikuwa bado anazaa watoto 8 kwa wastani. Polepole idadi ikashuka, ikafika 4.7 mwaka 1998 na 3.4 mwaka 2022. Sera ya serikali ya mwaka 2012 iliweka shabaha ya watoto 2.6 ifikapo 2030. Turkana tuko mbali na shabaha hiyo. Utafiti wa 2014 ulitukuta karibu na watoto 7.

Waliotangulia kupunguza uzazi wamefika wapi? China ilitumia nguvu. Kwa zaidi ya miaka 30 familia nyingi ziliruhusiwa mtoto mmoja tu. Mwaka 2016 wakaruhusu wawili, 2021 watatu, lakini 2022 waliokufa walikuwa wengi kuliko waliozaliwa. Mlango uliofungwa kwa nguvu haufunguki kwa tangazo.

Mfano unaotufaa zaidi ni Mauritius, kisiwa cha Bahari ya Hindi. Miaka ya 1960 serikali yao iliogopa kisiwa kujaa. Kanisa Katoliki halikukaa pembeni. Kupitia chama cha Action Familiale, kilichoanza 1963, lilifundisha wenye ndoa njia za asili, na serikali ikasaidia. Uzazi ulishuka haraka bila mtu kulazimishwa. Leo wastani wao uko chini ya watoto 2, na wanaanza kuwa na hofu ya pili, ya wazee wengi na vijana wachache. Lakini angalieni utaratibu wao. Pensheni ya wazee, hata wasiowahi kuajiriwa, waliianza miaka ya 1950. Yaani mtu aliambiwa apunguze watoto wakati alishajua kwamba akizeeka hatalala njaa.

Kwetu mambo yalikwenda kinyume. Ushauri wa kuzaa wachache ulikuja 1967. Posho ya kila mzee wa miaka 70 asiye na pensheni ilikuja 2018, miaka 51 baadaye! Hapo katikati mzee wa Turkana alikuwa na pensheni gani? Mifugo na watoto. Basi tusishangae mama akimsikiliza muuguzi kwa adabu, kisha akarudi nyumbani kuendelea kama zamani. Si ujinga, ni hesabu. Na huku mpakani hesabu ina jambo jingine zito. Mei 2011 watu wetu wengi waliuawa hapa Todonyang, na Februari 2025 wavuvi waliuawa tena. Mzazi aliyezika vijana haambiwi kirahisi kwamba wawili wanatosha.

Hata hivyo hesabu hiyo ya zamani imeharibika, na hili ndilo tungependa mlijadili sana. Watoto walimtunza mzee kwa sababu kulikuwa na mifugo ya kuwaweka pamoja. Kijana alimhitaji baba ili apate mahari, na baba alimhitaji kijana achunge. Ukame wa 2020 hadi 2023 uliua mifugo zaidi ya milioni 2 katika kaunti kame za Kenya. Zizi likiisha, kijana anakwenda kutafuta kibarua Lodwar, Kakuma au Lokichar. Akipata anatuma kidogo, asipopata ananyamaza. Tunawafahamu wazee wenye watoto saba walio hai, na bado wanakula kwa jirani. Eti huyo naye tumwambie angezaa tisa?

Kanisa nalo halijasema kwamba kila ndoa ijaze nyumba. Waraka Humanae Vitae wa 1968 unazungumza juu ya uzazi wenye wajibu. Mume na mke wapime afya, uwezo na watoto walio nao, na wafuate njia za asili. Bibi zetu walijua kwamba kunyonyesha muda mrefu kunachelewesha mimba. Wanaume wengi hukimbia mazungumzo haya, na kusema kweli mzigo wote umeachiwa akina mama.

Wakati tukijadili, kuna kazi inayoweza kufanyika wiki hii. Posho ya Inua Jamii ni shilingi 2,000 kwa mwezi. (Msiichanganye na ile ya HSNP, inayokwenda kwa kaya maskini.) Ni kidogo, lakini inanunua unga. Taabu ni kitambulisho. Wazee wengi hawana, na wengine waliandikiwa umri wa kukisia, mzee wa miaka 75 akaandikwa 60. Mzee akisema hajui mwaka aliozaliwa, msimwache hapo. Muulizeni kuhusu njaa alizoziona. Njaa ya Namotor, karibu 1960, alikuwa tayari anachunga mbuzi? Basi ameshapita 70. Njaa ya Kimududu, karibu 1970, alikuwa ameoa? Ile ya Lopiar, 1979 hadi 1981, alikuwa na watoto wangapi? Muulizeni pia alikua pamoja na nani, maana rika humtambua mwenzao.

Kila jumuiya iandike majina ya wazee wake wasio na kitambulisho au walioandikwa umri usio wao. Kijana mmoja anayejua kusoma aende nao kwa chifu, pamoja na mzee wa rika lao wa kuwatolea ushahidi. Orodha yenyewe mpeni katekista kabla ya mkutano ujao, nasi tutaifuatilia Lodwar.