MAEMBE YA KUOKA KWA UNGA WA KUFIKICHA

Somo la mapishi na hesabu ya nyumbani

Majira ya maembe yakifika, Novemba mpaka Januari, pita barabara ya kutoka Kilosa kupitia Ulaya hadi Mikumi. Tazama chini ya miembe. Utaona nini? Utaona maembe yameanguka, mengine yamepasuka, nzi wamejaa. Asubuhi mama anayafagia. Jioni yameanguka mengine.

Sasa ingia ndani ya nyumba hiyo hiyo. Tazama ghala. Katika miezi hiyo nyumba nyingi mahindi yanaelekea kwisha, na mapya bado yako shambani. Nje chakula kinaoza. Ndani chakula kinapungua. Je, hilo si jambo la kufikiri?

Mwaka 1975 nchi yetu ilikuwa na kampeni ya Chakula ni Uhai. Watu walikaa vikundi vikundi. Walisikiliza redio, wakasoma kitabu, wakajadiliana juu ya chakula bora. Leo nasi tusome namna hiyo. Tujifunze kuoka maembe, kisha tupige hesabu tuone kama yanaweza kuleta senti.

CHAKULA HIKI NI KITU GANI?

Ni vipande vya maembe vilivyofunikwa kwa unga wa kufikicha, kisha vikaokwa. Chini kunakuwa laini, na juu kunakuwa kukavu na kutamu kama biskuti. Huliwa baada ya chakula, au kwa chai.

Unga wenyewe haukandwi wala hausukumwi. Unafikichwa tu kwa vidole pamoja na mafuta, mpaka uwe chengachenga.

Uingereza watu wanapika hivyo kwa matofaa. Chakula hiki kilipendwa sana huko wakati wa Vita Kuu ya Pili. Tangu Januari 1940 sukari na siagi zilitolewa kwa mgawo, kwa hiyo kila mama alitafuta upishi usiokula vitu vingi. Wazee wetu wanaelewa jambo hilo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 nao walipanga foleni ya sukari kwenye duka la kijiji.

Sisi hatuna matofaa ya kumwaga. Maembe tunayo. Basi tutumie maembe.

KUOKA BILA TANURI

Tuchukue mfano wa binti mmoja na shangazi yake. Shangazi amefika jioni, amemkuta binti anapuliza makaa.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umeweka moto juu ya mfuniko? Unataka kuunguza sufuria ya watu?"

"Naoka maembe, shangazi."

"Unaoka? Tanuri liko wapi?"

"Hilo unalolitazama ndilo tanuri. Moto chini, moto juu."

Shangazi akacheka. Akasema, "Hata bibi yako alioka mikate ya sinia hivyo hivyo. Nilidhani ninyi wa siku hizi mmesahau."

Shangazi amesema kweli. Kuoka kwa moto wa juu na chini ni maarifa ya zamani. Kumbuka jambo moja tu: moto wa juu uwe mwingi, wa chini uwe kidogo. Ukigawa makaa mafungu matatu, fungu moja liende chini, mafungu mawili yaende juu. Watu wengi wanaunguza kwa sababu wanafanya kinyume.

MAHITAJI (watu 8)

Kikombe chetu ni kikombe cha chai cha robo lita. Kijiko ni kijiko cha chakula.

Kwa maembe:
Maembe 6 ya kiasi, yaliyoanza kuiva lakini bado magumu kidogo
Sukari vijiko 2
Ndimu 1
Mdalasini uliosagwa, kiasi cha ncha ya kisu (si lazima)

Kwa unga wa juu:
Unga wa ngano kikombe 1
Unga wa mahindi nusu kikombe
Karanga zilizokaangwa na kutwangwa, nusu kikombe
Sukari vijiko 4
Mafuta ya kupikia, samli au siagi, vijiko 6
Chumvi kidogo

Vyombo: sufuria kubwa yenye mfuniko bapa wa chuma, sufuria ndogo inayoingia ndani yake, mchanga mkavu vikombe 2, jiko la mkaa, na koleo.

Embe dodo na bolibo yanafaa sana, kwa sababu nyama yake ni nyingi. Maembe madogo ya kienyeji yana nyuzi. Ukiwa nayo hayo tu, yamenye, kamua nyama yake kwa mkono safi, na uongeze kijiko kimoja cha unga ili rojo isiwe nyepesi.

Maembe yaliyoanguka yanafaa kama hayajaoza. Kata sehemu iliyopondeka, utupe. Embe lenye funza usilipike, wala usiliache chini ya mti. Nzi wa matunda hutaga mayai ndani ya embe, kisha funza huingia udongoni, na hapo hugeuka nzi wapya. Chimba shimo la kina cha kutosha, uyafukie.

Karanga nazo zichague. Zenye ukungu, zilizosinyaa au zilizobadilika rangi zitupe. Zinaweza kuwa na sumukuvu, na sumu hiyo haimalizwi kwa kukaanga wala kuoka.

JINSI YA KUTENGENEZA

1. Nawa mikono kwa sabuni. Osha maembe kabla ya kuyamenya.

2. Washa mkaa nje ya nyumba. Subiri moshi uishe na makaa yawe mekundu.

3. Menya maembe. Kata vipande vya ukubwa wa kidole gumba. Tia sukari vijiko 2, maji ya ndimu na mdalasini. Changanya.

4. Paka mafuta kidogo ndani ya sufuria ndogo. Tandaza maembe humo. Yasijae mpaka juu, yaishie nusu ya sufuria.

5. Katika bakuli changanya unga wa ngano, unga wa mahindi, sukari vijiko 4 na chumvi. Tia mafuta. Fikicha kwa ncha za vidole mpaka uone chengachenga kama mchanga uliolowa. Usitie maji! Ukitia maji utapata donge. Mwisho tia karanga.

6. Mwaga unga huo juu ya maembe. Usiukandamize. Uache ukae wenyewe, ili joto lipite.

7. Tandaza mchanga chini ya sufuria kubwa. Ifunike, uiweke jikoni dakika 10 ipate joto.

8. Weka sufuria ndogo juu ya mchanga. Funika ile kubwa. Punguza makaa ya chini mpaka libaki fungu moja. Mafungu mawili yaweke juu ya mfuniko.

9. Oka dakika 40. Dakika 20 zikipita, ongeza makaa ya juu yakiwa yamepoa. Usifunue mara kwa mara, kwa maana kila ukifunua joto linakimbia.

10. Kama huna saa, tumia pua na macho. Harufu ya karanga itasikika. Juu kutakuwa na rangi ya kahawia, na pembeni utaona rojo ya embe inachemka. Hapo kimeiva. Kiache dakika 15 kipoe kabla ya kupakua.

Unapofunua, kung'uta makaa kwanza kwa koleo, kisha inua mfuniko polepole. Majivu yakiingia, kazi yote imeharibika.

Kama chini kumeungua, moto wa chini ulikuwa mwingi au mchanga ulikuwa kidogo. Kama juu kumebaki cheupe na kibichi, moto wa juu ulikuwa hafifu. Kama kimekuwa majimaji, maembe yalikuwa yameiva mno. Andika kosa lako katika daftari. Mara ya pili hutalirudia.

HATARI YA MKAA

Mkaa unaowaka hutoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Hewa hiyo huua watu waliolala. Kwa hiyo oka nje, au chini ya banda lililo wazi pande zote. Usiingize jiko chumbani eti kwa sababu mvua inanyesha au kuna baridi. Watoto wakae mbali na jiko, na makaa yakibaki yazimwe kwa maji au mchanga.

Usitumie kipande cha bati la kuezekea kuwa mfuniko. Bati hilo limepakwa madini ambayo yakipata moto mkali hutoa moshi mbaya.

FAIDA MWILINI

Embe bivu lenye nyama ya njano lina kitu ambacho mwili hugeuza kuwa vitamini A. Vitamini hiyo hulinda macho na husaidia mwili wa mtoto kupigana na magonjwa. Mafuta yaliyomo katika upishi wetu husaidia mwili kuipokea. Karanga zinaongeza protini, nayo hujenga mwili.

Lakini tuseme kweli yote. Embe likipikwa hupoteza sehemu ya vitamini C. Kwa hiyo watoto waendelee kula maembe yasiyopikwa, yaliyooshwa vizuri. Tena chakula hiki hakichukui nafasi ya ugali, maharage na mboga za majani. Ni cha nyongeza. Sukari yake usiizidishe, na mwenye ugonjwa wa kisukari asile kwa kujikatia tu.

HESABU YAKE

Mikumi mabasi na malori yanapita usiku na mchana katika barabara kuu ya kwenda Iringa na Mbeya. Watu wanashuka, wanataka kula. Je, maembe ya kuoka yanaweza kuuzwa hapo? Tusiseme ndiyo wala hapana kabla ya kupiga hesabu. Bei hizi ni za mfano. Wewe weka za sokoni kwako.

Maembe 6: shilingi 1,200
Unga wa ngano: 300
Unga wa mahindi: 150
Karanga: 400
Sukari vijiko 6: 250
Mafuta: 500
Ndimu, mdalasini na chumvi: 300
Mkaa: 900
Jumla: shilingi 4,000

Mtu atauliza, "Maembe ni ya mti wangu, mbona unayahesabu?" Yahesabu. Ungeweza kuyauza. Usipoyahesabu utafikiri umepata faida kumbe umekula mali yako mwenyewe.

Sasa umepata vibakuli 8. Unauza kila kimoja shilingi 700.

Ukiuza vyote 8: 700 x 8 = 5,600. Toa 4,000. Faida ni 1,600.

Ukiuza 6: 700 x 6 = 4,200. Toa 4,000. Faida ni 200 tu.

Ukiuza 5: 700 x 5 = 3,500. Hasara ni 500.

Umeona? Vibakuli vitatu vikikosa mnunuzi, umepata hasara. Na hapo hatujahesabu jasho lako wala nauli. Chakula hiki hakilali bila friji. Kiuze siku ile ile, kikiwa kimefunikwa nzi wasikiguse. Kwa hiyo anza na sufuria moja. Andika kila siku umeoka vingapi, umeuza vingapi, na vimebaki vingapi. Baada ya wiki mbili daftari litakuambia kama uendelee au uache. Maneno ya majirani hayawezi kukuambia hivyo.

Tazama tena hesabu. Baada ya maembe, kitu kilichokula fedha nyingi ni mkaa. Basi oka mara tu baada ya kupika chakula cha jioni, makaa yakiwa bado mekundu. Hapo utapunguza gharama.

Utapunguza pia ukataji wa miti. Mkaa ni miti. Mwaka 1980 tulikuwa na kampeni ya Misitu ni Mali. Na katika wilaya yetu ya Kilosa, mradi ulioanza mwaka 2012 umesaidia vijiji kama Ulaya Mbuyuni na Ihombwa kutenga sehemu ya msitu wa kijiji kwa ajili ya mkaa. Miti hukatwa kwa zamu, na visiki huachwa vichipue. Anayepika kwa makaa machache anausaidia msitu huo.

Ndugu wasomaji, maembe hatuyapandi kila mwaka. Mti hutuzalia wenyewe. Kazi yetu ni kuyaokota kabla ya nzi. Jaribuni sufuria moja wiki hii, mle na watoto, kisha mkae na daftari.

MANENO YA KUJIFUNZA

Kufikicha: kusugua kitu kwa ncha za vidole mpaka kiwe vipande vidogo vidogo.
Chengachenga: vipande vidogo sana, kama punje za mchele uliovunjika.
Sumukuvu: sumu inayotokana na ukungu katika karanga na nafaka.
Mgawo: kugawiwa kitu kwa kipimo kwa sababu ni kichache.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Kwa nini makaa ya juu yawe mengi kuliko ya chini?
2. Kwa nini tunahesabu bei ya maembe hata kama yametoka kwenye mti wetu?
3. Ukiuza vibakuli 7 kwa shilingi 700, faida yako ni kiasi gani?
4. Katika kijiji chenu ni matunda gani mengine yanayooza bure? Je, yanaweza kuokwa namna hii?
5. Nani katika kikundi anaweza kuleta sufuria kubwa, na nani ataleta maembe? Pangeni siku ya kuoka pamoja.