Kabla Hujamwita Mwanao Labid

Labid ni jina linalofahamika katika vitabu vya dini na vya lugha, lakini ni adimu kwenye madaftari ya mahudhurio ya shule zetu. Mzazi anayelisikia darsani na kulipenda huwa na swali moja: lina maana gani? Hapo ndipo anapopotezwa. Atafungua tovuti ya majina, apewe neno moja lisilo na chanzo, kisha aambiwe namba ya bahati ya mtoto, jiwe lake na rangi yake, mambo yasiyohusiana hata kidogo na lugha ya Kiarabu. Atanunua kijitabu cha majina ya watoto, akute neno lilelile limenakiliwa. Nataka kueleza namna ya kulichunguza jina la aina hii, na njiani nitetee jambo ninaloliamini: mzizi wa neno hutoa nusu tu ya maana ya jina la kale la Kiarabu, na nusu iliyo nzito zaidi hutolewa na watu waliolibeba.

Kazi inaanza na herufi. Tunapoandika majina ya Kiarabu kwa hati yetu ya Kilatini tunapoteza mengi. Amir anaweza kuwa mtawala, akiandikwa kwa alif, au akawa Aamir wa ain, jina linalotokana na mzizi uleule wa neno letu umri. Hasan na Hassaan ni majina mawili tofauti, lakini kwetu yote hugeuka Hassan. Kwa hiyo kijitabu kisichoonyesha majina kwa herufi za Kiarabu usikinunue, hata kiwe na jalada zuri namna gani. Mwandishi wake hajui anazungumzia jina lipi, na wewe hutajua. Labid lina afueni: ni lam, ba, ya na dal, ambapo ya ni ya kuvuta sauti na mzizi ni lam, ba, dal. Angalia tu usilichanganye na jirani yake Labib, lenye ba mwishoni, ambalo linatokana na akili na busara. Herufi moja, na umeshahamia ukoo mwingine wa maneno.

Hatua ya pili ni kamusi, na hapa wengi hukata tamaa bila sababu. Kamusi kubwa ya kurejea ni Lisan al-Arab ya Ibn Manzur, aliyefariki mwaka 711 Hijria. Mtu anaifungua kwenye lam akitafuta Labid, anapekua kurasa nzima, anakutana na jabal, mlima, na rajul, mwanamume, lakini Labid halioni. Anafunga kitabu na kusema halimo. Limo. Ibn Manzur alifuata mpangilio wa al-Jawhari, mwenye kamusi ya al-Sihah, ambao huanza na herufi ya mwisho ya mzizi. Mlango ni herufi ya mwisho, na ndani ya mlango kuna fasili za herufi ya kwanza. Labid basi liko kwenye mlango wa dal, fasili ya lam, kisha ndipo uangalie ba ya katikati. Sababu inayotajwa sana ni kwamba mpangilio huo uliwafaa washairi na waandishi wa nathari yenye vina, maana aliyetaka neno la kuishia na dal aliyapata yote pamoja. Yeyote aliyewahi kuhangaikia kina cha utenzi ataelewa faida yake mara moja. Kinachochanganya zaidi ni kwamba chapa hazifanani. Ile ya Dar Sadir ya Beirut, yenye majuzuu 15, imebaki na mpangilio wa asili. Ile ya Dar al-Maarif ya Kairo imepangwa upya kwa kuanza na herufi ya kwanza. Kwa hiyo kabla hujatafuta chochote, fungua ukurasa wowote wa katikati na usome vichwa vya mizizi mitatu au minne inayofuatana. Yote ikiwa inaishia na herufi moja, uko kwenye mpangilio wa zamani, na utaingia kwa mlango wa mwisho. Yote ikiwa inaanza na herufi moja, tafuta kama unavyotafuta kwenye kamusi yoyote. Ujanja huu mdogo una faida kuliko tovuti kumi za majina, na sijui kwa nini vitabu vya kufundishia Kiarabu huutaja kwa sentensi moja na kupita.

Ukifika kwenye mzizi wenyewe utakuta mambo ambayo neno moja la tovuti haliwezi kuyabeba. Lam, ba na dal ni mzizi wa kushikamana na kukaa mahali bila kubanduka. Libd ni sufu iliyoloweshwa na kushindiliwa mpaka nyuzi zake zikashikana zenyewe bila kufumwa; ndiyo iliyowekwa mgongoni mwa farasi chini ya tandiko. Libda ni manyoya ya shingoni mwa simba yaliyosongamana, na ndiyo maana simba huitwa mwenye libda. Qurani ina mzizi huu katika Sura ya 90, aya ya 6, inapozungumzia mali nyingi zilizorundikana, na katika Sura ya 72, aya ya 19, inapozungumzia kundi linalosongamana. Halafu yupo Lubad. Katika masimulizi ya Waarabu, Luqman bin Aad alipewa umri wa tai saba, mmoja akifa anafuatiwa na mwingine, na tai wa saba, aliyedumu kuliko wote, ndiye Lubad. Jina lake ni la mzizi huuhuu: aliyekaa, asiyeondoka. Labid lenyewe liko kwenye wazani wa karim na rahim, ambao wasomaji wetu wanaujua vizuri, kwa hiyo mtu anaweza kulisoma kama sifa ya mwenye kukaa imara. Lakini kamusi hiyohiyo inasema pia kwamba labid ni gunia.

Gunia. Hapo mzazi husita, na hapo ndipo hoja yangu inapoanza kufanya kazi. Kama maana ya jina ni ile ya kamusi tu, basi Labid ni jina la mashaka, na mtu ana haki ya kuliacha. Lakini wataalamu wa Kiarabu wenyewe walikutana na tatizo hili zamani. Ibn Durayd, mwanazuoni wa kabila la Azd aliyezaliwa Basra, akaishi miaka kadhaa Oman, na kufariki mwaka 933 Miladia, aliandika kitabu kizima, Kitab al-Ishtiqaq, kuwajibu waliowakejeli Waarabu kwa majina yao. Mababu walikuwa wakiitwa Kalb, mbwa, Sakhr, jabali, Talha, mti wa miiba. Ibn Durayd alionyesha kwamba majina hayo yalikuwa na nia nyuma yake: mengine yaliwekwa kuwatisha maadui, mengine kumtakia mtoto ugumu wa jiwe au wa mti wa jangwani, na mengine yalitokana na kitu cha kwanza ambacho baba alikiona alipotoka hemani mkewe akiwa na uchungu wa uzazi. Tunalijua jambo hili bila kufundishwa. Afrika Mashariki kuna kina Mashaka, Tabu na Shida, na hakuna anayedhani wazazi wao waliwatakia watoto mabaya. Jina lilishika tukio, na mtu aliyelibeba akalipa maana nyingine kwa maisha yake.

Basi hatua ya tatu ni kuwatafuta waliolibeba. Kwa masahaba kitabu ni al-Isaba cha Ibn Hajar al-Asqalani, ambacho, tofauti na Lisan, kimepangwa kwa herufi ya kwanza. Kwa washairi ni Kitab al-Aghani cha Abu al-Faraj al-Isfahani. Na kwa jina hili vitabu vyote viwili vinakupeleka kwa mtu mmoja kabla ya wengine: Labid bin Rabia, wa kabila la Banu Aamir, Aamir wa ain. Ni mmoja wa washairi wa Muallaqat, zile kaside za kabla ya Uislamu zilizohesabiwa kuwa kilele cha ushairi wa Kiarabu. Baba yake alisifika kwa ukarimu hata akaitwa majira ya neema ya mafukara. Ndugu yake Arbad aliuawa kwa radi, na marithia aliyomtungia ni kati ya tungo za majonzi zinazokumbukwa zaidi katika lugha hiyo. Alisilimu, akahamia mji wa Kufa, akaishi hadi uzee mkubwa. Wasimulizi wanampa umri unaozidi miaka 100, na kifo chake mara nyingi hutajwa kuwa mwaka 661 Miladia. Katika Bukhari na Muslim imo hadithi ya Abu Huraira ambamo Mtume anaisifu kauli moja ya Labid, kwamba kila kisichokuwa Mungu ni batili, kuwa ndilo neno la kweli zaidi kuwahi kusemwa na mshairi. Sifahamu jina lingine la mshairi wa zamani za ujahilia lililopewa heshima ya namna hiyo.

Visa viwili vinamweleza kuliko vyeo. Cha kwanza ni cha nadhiri yake: kila upepo wa mashariki, uitwao saba, ulipovuma, achinje ngamia na kulisha watu. Alipokuwa Kufa, mzee na mwenye mkono mfupi, upepo ulivuma. Gavana al-Walid bin Uqba akapanda mimbari kuwaomba watu wamsaidie Labid kutimiza nadhiri, naye mwenyewe akampelekea ngamia 100. Labid alikuwa ameacha kutunga, kwa hiyo akamwomba binti yake ajibu kwa mashairi. Binti akatunga shukrani, na mwishoni akamwomba gavana arudie tena siku nyingine. Baba alimsifu, ila hakupenda lile ombi la mwisho, na binti akamjibu kwamba kuwaomba wafalme si aibu. Cha pili ni cha Khalifa Omar, aliyetaka kujua washairi wa Kufa wametunga nini tangu wasilimu. Labid aliandika Sura ya al-Baqara kwenye karatasi na kusema hiyo ndiyo aliyopewa badala ya ushairi. Omar akamwongezea 500 kwenye posho yake. Kuna wanaoitilia shaka habari kwamba hakutunga kabisa baada ya kusilimu, kwa kuwa diwani yake ina beti zenye harufu ya Uislamu. Nakubali shaka hiyo ina msingi. Lakini hata ukiipunguza habari, kinachobaki kinatosha: vizazi vya Waislamu viliposikia Labid vilimwona mtu mwenye kipaji kikubwa aliyejua cha kukitanguliza. Na tazama namna mzizi na mtu wanavyokutana: aliyeishi muda mrefu kama Lubad, na aliyeshikamana na nadhiri yake hata alipokosa cha kuchinja. Sidai kwamba waliompa jina waliyajua hayo. Nasema kwamba maisha yake yalichagua, kati ya maana zote za mzizi, ipi ibaki.

Kuna mapingamizi mawili yanayostahili majibu. La kwanza ni kwamba Mtume mwenyewe alibadilisha majina yenye maana mbaya, kwa hiyo maana ya kamusi ina uzito. Ni kweli alibadilisha: Asiya, lenye maana ya mwasi, alilifanya Jamila, na alimtaka Hazn, ardhi ngumu, ajiite Sahl, wepesi, naye mtu huyo akakataa. Lakini angalia pia aliyoyaacha. Talha alibaki Talha, Muawiya alibaki Muawiya ingawa wenye kamusi wanalihusisha na kubweka, na Labid alibaki Labid. Kilichobadilishwa ni majina yaliyobeba uasi, kujisifu au balaa. Unyenyekevu wa gunia au mti haukuhesabiwa kuwa kasoro.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Katika Bukhari yumo Labid mwingine, Labid bin al-Asam, anayetajwa kuwa ndiye aliyemfanyia Mtume uchawi. Je, jina halijachafuka? Ukikubali jina kuchafuliwa na mtu mmoja, utapoteza majina yote: Abdallah bin Ubayy alikuwa kiongozi wa wanafiki, na aliyemuua Ali aliitwa Abdulrahman bin Muljam. Hakuna aliyeyaacha Abdallah na Abdulrahman kwa ajili yao. Mkosoaji makini atauliza: ikiwa mwovu hachafui jina, mwema analipambaje? Jibu ni kwamba kumpa mtoto jina ni tendo la kukusudia. Pwani tunampa mtoto jina la babu, na kila mtu anajua ni babu yupi, hata kama wilaya nzima ina watu hamsini wa jina hilo. Nia ya mzazi ndiyo inayochagua mtu, na jina linamfuata aliyekusudiwa. Kwa hiyo sharti ninaloliona la lazima kwa jina adimu ni moja: mwambie mtoto mapema ni Labid yupi, na umsimulie habari zake, kwa sababu hilo la mchawi atalikuta mwenyewe madrasa.

Kuhusu uandishi kwenye cheti cha kuzaliwa, chagua umbo moja na ulitumie kwenye hati zote. Utaona Labid, Labeed na Lebid. La kwanza ndilo linalokwenda na hati yetu. Wapo wanaoona aibu jina likiishia na i, wakidhani Labidi ni kuliharibu. Mimi naona kinyume. Kiarabu kinavuta silabi ya pili, Labiid, na mkazo unaangukia hapo. Mswahili akisoma Labid haraka, mkazo unarudi mwanzoni, la-, na mvuto unapotea. Akisema Labidi, mkazo wa Kiswahili unatua kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, -bi-, palepale Waarabu wanapoivuta.