Kutoa kupe kwa mbwa mukali

Wewe unasema: mbwa yangu ni mukali, hapana mutu wa kumugusa. Basi kupe wanajaa ndani ya masikio na katikati ya vidole vyake, wananyonya damu, wanamutia ugonjwa. Anakonda, hawezi tena kuwinda. Lakini ukali ule mara nyingi ni woga tu. Mbwa aliyekamatwa kwa nguvu na kupigwa anakumbuka.

Siku ya kwanza usitoe kupe hata mumoja. Ukae ubavuni pake, usimutazame machoni, umupe kipande cha bukari na samaki. Umuguse begani mara moja, umupe tena, umuache. Kesho uguse mugongo, kisha masikio, mwisho miguu, maana mbwa wengi wanaogopa miguu zaidi. Pengine kazi hii itachukua siku kumi. Usilalamike: muhogo unaungoja miezi mingi kupita hiyo.

Uangalie mwili wake. Akilamba midomo pasipo chakula, akigeuza kichwa, akificha mukia chini ya tumbo, akikaza mwili kama muti, ondoa mukono na kungoja. Akinguruma, usimupige! Kunguruma ni kusema kwake. Ukimufundisha kunyamaza, siku nyingine atauma pasipo kusema. Mimi nilifanya kosa lile na mbwa wa baba yangu, na alama ya meno ingali mukononi.

Akizidi ukali, umufunge mudomo kwa kitambaa kirefu: zungusha juu ya pua, pitisha chini ya kidevu, funga nyuma ya masikio. Usikiache muda murefu, zaidi wakati wa jua, kwa sababu mbwa anapoza mwili kwa kuhema mudomo wazi. Watoto wakae mbali.

Kupe umushike karibu kabisa na ngozi, umuvute polepole, usimuzungushe. Usimupasue kwa kucha, umutupe motoni.

Mbwa akikuuma, hata kidonda kikiwa kidogo, osha kwa maji na sabuni dakika 15, halafu uende hospitali siku ile ile kutafuta sindano. Tangu mwaka 1885, Louis Pasteur alipomuokoa mutoto aliyeumwa, dawa hiyo iko. Lakini mutu akianza kuugua kichaa cha mbwa, karibu kila mara anakufa. Na mbwa aliyebadilika tabia ghafula, anayetoka mate mengi, usimuguse kamwe. Upashe habari kwa munganga wa nyama.