Laini ya Stima Ikikata Shamba la Nyumbani

Wapangaji wengi wa mtaa wa Pipeline hulala Embakasi, Nairobi, ila shamba liko nyumbani: Makueni, Siaya, Kisii. Laini kubwa ya stima inapopangiwa kupita huko, simu hupigwa Nairobi. Kuna fomu ya kutia sahihi, na familia imeambiwa ardhi itabaki yao, kinachotakiwa ni njia tu. Maneno hayo si uongo, ila hayajakamilika. Hatimiliki haiguswi, kweli, lakini chini ya nyaya hamtajenga tena wala kupanda miti mirefu. Laini ya kilovolti 400 huhitaji njia yenye upana wa mita 60. Ikikata shamba kwa mita 100 tu, imeshika mita za mraba 6,000, karibu ekari moja na nusu. Mahindi na maharage yataendelea kupandwa. Nyumba ya kijana anayetaka kuoa haitasimama hapo. Anayewahesabia mahali mnara uliposimika miguu yake pekee anawapunja.

Kifungu cha 148 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 kinaagiza fidia kwa matumizi ya ardhi, na juu yake fidia ya miti, mazao na majengo yaliyoharibiwa. Hayo ni malipo mawili, na pesa za miembe iliyokatwa hazifuti deni la ardhi yenyewe. Kwa ardhi ya kibinafsi, hesabu hufuata thamani iliyokadiriwa na mthamini aliyehitimu, na mlipaji ni yule aliyeomba njia. Tena sheria haimtambui mwenye hatimiliki peke yake. Inamtambua pia anayeikalia ardhi hiyo hasa. Hapa ndipo wengi hujinyima haki. Hati ikiwa bado kwa jina la babu aliyefariki, watoto na wajukuu hudhani hawana dai. Wanalo, ila waanze kesi ya mirathi mapema, kabla haujazuka ugomvi wa nani apokee pesa kwa niaba ya nani.

Wapo wasemao stima ni ya taifa zima, na anayeng'ang'ania fidia anachelewesha maendeleo. Tazama laini ya Loiyangalani hadi Suswa. Mitambo ya upepo ya Ziwa Turkana, inayotegemea laini hiyo, ilikuwa tayari 2017, lakini laini haikukamilika hadi 2018, na mivutano ya fidia ya njia ilikuwa miongoni mwa sababu. Adhabu ya kuchelewa ikalipwa kwa pesa za umma. Kumlipa mkulima mapema kungekuwa nafuu kwa taifa hilohilo. Pingamizi lenye uzito zaidi linatuhusu sisi wa mitaa ya Eastlands, Nairobi: aliyenunua ploti chini ya nyaya zilizokwisha kupita, akainua ghorofa, dai lake ni dhaifu sana, na sitamdanganya. Hata hati anayoshika huenda isimwokoe, maana Mahakama ya Juu iliamua 2023, katika kesi ya Dina Management, kwamba hatimiliki haitoshi ikiwa chimbuko lake lina kasoro.

Basi mwambieni mzee nyumbani asitie sahihi barazani kwa haraka. Aitishe ripoti ya mthamini kwa maandishi, na kila mti upigwe picha kabla ya panga kufika. Msipoelewana juu ya kiasi, au malipo yakikawia, nendeni Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Sheria inairuhusu kuwaongezea gharama na usumbufu mlioupata.